NHL 24: mchoshe kwanza, ndipo upige

Kilichobadilika kweli kwenye NHL 24, gemu ya hoki ya barafu ya EA Sports iliyotoka Oktoba 2023, ni pumzi. Ukikaa na puki, kile kisahani kinachochezewa badala ya mpira, kwenye eneo la wapinzani, mita ya shinikizo inajaa kidogo kidogo. Ikijaa, wachezaji wako wanaongezeka makali na mabeki waliobanwa wanaanza kuburura miguu. Kipa naye anachoka kadiri anavyopigiwa mashuti.

Wengi hukosea kwa haraka ya kupiga. Shuti la mbali, pasipo mtu wa kumziba kipa macho, kipa analidaka, refa anapuliza, na wale mabeki waliokuwa hoi wanapata nafasi ya kutoka. Umewapumzisha mwenyewe! Zungusha puki: kona, rudisha kwa beki karibu na mstari wa buluu, hamishia upande wa pili. Kitufe cha R2 (kwenye PlayStation) ukikibonyeza kidogo pasi inakuwa nyepesi, ukikishikilia inakwenda na nguvu.

Kipa akishachoka, tafuta pasi ya kukata mbele ya goli. Vuta kijiti cha kulia cha padi nyuma kabla puki haijafika kwa mpigaji, kisha kisukume mbele inapomfikia. Kipa anakuwa bado anateleza kutoka nguzo moja kwenda nyingine, na upande alioacha uko wazi. Ukisubiri puki itulie kwanza, ameshafika. Hilo ndilo goli ninalolipenda kuliko yote kwenye gemu hii, kwa sababu limejengwa.

Ukibanwa wewe, usimkimbize mwenye puki hadi kona, ziba katikati. R1, ile ya kuchomoa puki kwa fimbo, itumie ukiwa mbele yake tu. Ukichomoa kutoka nyuma fimbo inanasa miguu, na hiyo ni adhabu ya dakika 2.

Ukiipata puki, usiibutue ovyo. Ikitoka nusu yako ikapita mstari wa goli la wapinzani bila kuguswa, ni aisingi: mchezo unarudi kwako, na kwa kanuni za NHL, ligi kuu ya hoki ya barafu Amerika Kaskazini, safu yako iliyochoka (wale walio uwanjani) hairuhusiwi kubadilishwa. Vuka kwanza mstari mwekundu wa katikati, itupe ndani, ubadilishe. Kipindi cha pili ongeza tahadhari: timu zimebadilishana pande, benchi lako liko mbali na eneo unalolinda, kwa hiyo badilisha safu mapema, puki ikiwa bado kwao.