Faili la DLL halipakuliwi peke yake

Programu ya kuhariri video au sauti ikigoma kufunguka na kudai msvcp140.dll haipo (DLL ni faili la msimbo ambao programu huutegemea ili zifanye kazi), wengi huamini dawa ni kulipakua faili hilo moja kwenye tovuti yoyote na kulibandika ndani ya System32, folda ya mfumo wa Windows. Tafadhali usifanye hivyo. Ndiyo njia rahisi ya kujiingizia virusi. Faili hilo ni sehemu ya furushi la Visual C++, linalotumiwa na programu nyingi kwa pamoja. Sakinisha furushi zima kutoka kwa Microsoft wenyewe. Tena, majina huchanganya: kwenye Windows ya biti 64, System32 huhifadhi mafaili ya biti 64, na SysWOW64 ndiyo ya biti 32. Ukikosea folda, programu haifunguki ng'o.