Siagi ya pilipili: yanayosemwa jikoni na ukweli wake

Hindi la kuchoma likitoka jikoni likapakwa siagi ya pilipili lingali la moto, siagi huyeyuka ikapenya katikati ya punje, na harufu ya ndimu na bizari ikakufikia kabla hujang'ata. Miaka kadhaa sasa natengeneza siagi hii nyumbani na kuwagawia majirani, na kila chupa ninayoitoa hurudi na maneno. "Umeweka mbegu nyingi." "Si ungeyeyusha tu?" "Mimi yangu naiweka kabatini, haina shida." Mengi ya maneno hayo hayadhuru mtu, yanaharibu mapishi tu. Lile la kabatini linaweza kuua, na kwa ajili yake ndiyo nimekaa kuandika.

"Siagi ni siagi, hata ile ya kopo"

Kwetu neno siagi limebeba vitu viwili. Ipo siagi yenyewe, inayotokana na maziwa: karibu asilimia 80 ni mafuta, asilimia 16 hivi ni maji, na kinachobaki ni protini na sukari kidogo ya maziwa. Halafu ipo majarini, ambayo hutengenezwa kwa mafuta ya mimea. Nyumba nyingi Blue Band ndiyo siagi, na mtoto akitumwa dukani siagi huja na hiyo. Sisemi usiitumie. Ukali wa pilipili utakolea humo vizuri tu, maana nayo ni mafuta. Ila ule utamu wa maziwa unaotuliza pilipili mdomoni hutaupata. Pia soma maandishi ya kopo: zipo za kupaka zenye mafuta kidogo na maji mengi, na hizo ukizikoroga na ndimu hutoa maji mpaka basi.

Mwenye kupata maziwa mabichi anaweza kujitengenezea. Chemsha, poza, engua malai, yakusanye kwenye friji siku tatu nne, kisha yatikise katika chupa ya mdomo mpana. Wengi huyaacha yapate joto kwanza wakidhani siagi itatoka haraka. Kumbe malai ya uvuguvugu hukupa uji wa mafuta usioshikana. Yawe ya ubaridi wa nyuzi 10 hadi 15, na baada ya dakika kumi au ishirini utasikia mlio unabadilika: ule mchapo laini unakuwa kishindo cha donge. Osha donge hilo kwa maji baridi mpaka maji yatoke safi, yasiyo na weupe wa maziwa, kwa sababu maziwa yakibaki ndani ndiyo huichachusha.

"Ukali uko kwenye mbegu"

Chukua pilipili mbuzi, ipasue kwa urefu, uitazame vizuri. Katikati kuna utando mweupe au wa manjano iliyopauka, ndio ulioshika mbegu. Humo ndimo kapsaisini, kitu kinachowasha, hutengenezwa. Mbegu huwasha kwa sababu zimeugusa utando huo; zenyewe hazitengenezi ukali wowote. Kwa hiyo anayekung'uta mbegu na kuacha utando hajapunguza kitu, amepoteza muda. Ukitaka harufu ya pilipili mbuzi, ile inayokaribia tunda, bila moto wake wote, kwangua utando kwa ncha ya kijiko ubaki na ganda.

Na harufu hiyo ndiyo sababu naichagua hii kuliko pilipili kichaa. Pilipili mbuzi ni jamaa ya habanero, zile pilipili kali za Amerika, ambazo kwenye kipimo cha ukali alichokibuni Wilbur Scoville mwaka 1912 hufika kati ya 100,000 na 350,000. Pilipili hoho ni sifuri. Hata uweke hoho kumi hutapata ukali, ila maji utayapata ya kutosha.

"Yeyusha kwanza, ndipo ichanganyike"

Hili nililiamini mpaka nikaharibu robo kilo. Niliyeyusha, nikatia viungo, nikamimina kwenye bakuli nikaacha igande. Asubuhi nilikuta juu tabaka la manjano lenye chembechembe kama sembe, chini maji machafu kidogo, na viungo vyote vimelala sakafuni mwa bakuli.

Siagi ni matone madogo mno ya maji yaliyoshikwa ndani ya mafuta. Ikiyeyuka, matone hukimbiliana, maji yakashuka na mafuta yakapanda. Ikiganda tena haikumbuki ilivyokuwa. Kinachotakiwa ni siagi laini, isiyoyeyuka: ukiibonyeza kwa kidole shimo libaki, lakini isiwe na mng'ao wa mafuta. Siagi huyeyuka ikifika nyuzi 32 hadi 35, na jiko la Dar es Salaam mwezi wa Februari halipo mbali na hapo. Kwa hiyo zile saa nzima zinazosemwa kwenye mapishi ya nchi za baridi tusizifuate. Kata vipande vidogo, acha robo saa, anza kuponda kwa mwiko.

Viungo ndivyo vinavyotaka moto. Chota kijiko kimoja cha siagi, kiyeyushe kwenye kikaango kwa moto mdogo, tia bizari nyembamba na pilipili ya unga kwa nusu dakika, toa. Rangi nyekundu itahamia kwenye mafuta mbele ya macho yako. Poza kabisa, ndipo uchanganye na siagi iliyobaki.

"Pilipili mbichi ndiyo pilipili, kavu ni vumbi"

Pilipili mbichi karibu sehemu tisa kati ya kumi ni maji, na mafuta na maji hayaelewani. Ukisaga mbichi kwenye blenda ukamimina humo, siagi itatoa jasho na itawahi kuchacha. Mimi huichoma pilipili mbuzi juu ya mkaa mpaka ganda lipate madoa meusi, naikatakata ndogo, kisha naitandaza kwenye kikaango kikavu mpaka iache kutoa mvuke. Inakuwa imepungua nusu na imepata harufu ya moshi. Ndimu nayo ni hivyo hivyo: kwaruza ganda la kijani utie hilo, juisi iwe matone machache mwishoni.

Kwa gramu 250 za siagi huweka pilipili mbuzi mbili zisizo na utando, kijiko cha chai kimoja cha bizari nyembamba, pilipili ya unga kidogo, nusu kijiko cha chumvi na ganda la ndimu moja. Usihukumu siku hiyo hiyo. Kapsaisini hupenda mafuta na huendelea kuingia humo usiku kucha, kwa hiyo iliyoonekana poa jioni itakuwa kali kesho mchana. Kuigandisha hakupunguzi ukali hata kidogo. Na ikikuzidi, usikimbilie maji, yatausambaza tu mdomoni. Kunywa maziwa au mtindi. Mikono iliyokata pilipili ipake mafuta ya kula kwanza, halafu uioshe kwa sabuni.

"Ina mafuta, chumvi na viungo, haiharibiki"

Hapa naomba usome polepole.

Dada mmoja jirani yangu alinifungulia kabati akanionyesha chupa yake. Siagi, pilipili, na kitunguu saumu kibichi kilichopondwa, kimejaa. Nikamuuliza, "Dada, hii ina siku ngapi?" Akasema, "Ya tatu hii, na bado inanukia." Nilimwomba aitupe. Aliona namwonea wivu mapishi yake, mpaka nilipomweleza.

Kitunguu saumu hukua ardhini, na udongo una mbegu za bakteria anayeitwa Clostridium botulinum, yaani bakteria aliyelala ndani ya ganda gumu. Mbegu hizo hazimdhuru mtu mzima akila kitunguu kwenye mchuzi wa leo. Lakini bakteria huyu huamka pasipo hewa, palipo na unyevu, pasipo uchachu na palipo na joto. Kipande cha kitunguu kibichi kilichozamishwa kwenye mafuta, ndani ya kabati la Pwani, kina vyote vinne. Sumu anayoitoa hulegeza misuli: kope zinadondoka, mtu anaona viwili viwili, kumeza kunashindikana, mwisho pumzi. Si lazima chakula kibadilike harufu wala ladha, kwa hiyo ile "bado inanukia" haithibitishi kitu.

Si hadithi ya kutishana. Mwaka 1985 huko Vancouver, Kanada, watu 36 waliugua baada ya kula kwenye mgahawa uliotumia kitunguu saumu kilichokatwa na kuhifadhiwa kwenye mafuta, kikiwa nje ya friji.

"Lakini siagi ya chumvi hukaa nje!" Kweli, na sababu yake inafaa kujulikana. Chumvi haiingii kwenye mafuta, yote hukusanyika kwenye yale maji machache, na maji hayo huwa na chumvi kali mno kwa bakteria. Ukitia kitunguu umeleta maji mengine, yaliyofungwa ndani ya kipande, ambako chumvi ile haijafika. Na achari ya ndimu inayokaa miezi juani? Ile inalindwa na uchachu wa ndimu. Siagi haina uchachu huo, na matone yako machache hayatoshi.

Kukaanga kitunguu nako hakumalizi jambo. Mbegu za bakteria huyu hustahimili maji yanayochemka. Viwandani huuawa kwa nyuzi 121 ndani ya mvuke wenye shinikizo. Basi fanya hivi: yenye kitunguu saumu, kibichi au kilichopikwa, iingie kwenye friji mara tu ukimaliza na iliwe ndani ya siku nne. Inayozidi izungushie karatasi ya kuokea kama soseji, igandishe siku hiyo hiyo, itadumu miezi. Au tumia kitunguu saumu cha unga, ambacho kwa ukavu wake hakina maji ya kumwamsha bakteria.

Dada aliitupa. Sasa hugandisha.

"Pilipili inaleta vidonda vya tumbo"

Wazee wangu wamekufa wakiamini hivi. Barry Marshall na Robin Warren, madaktari wa Australia, ndio walioonyesha kwamba vidonda vingi husababishwa na bakteria, Helicobacter pylori. Marshall alifikia kumnywa bakteria huyo mwaka 1984 ili kuthibitisha, na mwaka 2005 wakapewa Tuzo ya Nobel. Sababu nyingine kubwa ni baadhi ya dawa za maumivu zinazomezwa mara kwa mara. Pilipili huwasha kwa kuwa kapsaisini huigusa neva ile ile inayohisi moto. Unahisi kuungua pasipo kuungua. Hata hivyo, mwenye kidonda tayari au kiungulia cha mara kwa mara atateseka nayo, na huyo asilazimishwe. Mpe siagi ya iliki na asali.

"Siagi hii ni nzuri kukaangia"

Hapana. Siagi huanza kutoa moshi ikikaribia nyuzi 150, na vile vipande vya viungo huungua mapema zaidi vikawa vichungu. Ukitaka mafuta ya viungo ya kupikia, tengeneza samli. Waethiopia wana yao, niter kibbeh: siagi huchemshwa taratibu na vitunguu, tangawizi, uwatu na korarima (iliki ya Ethiopia) mpaka maji yote yaondoke, kisha huchujwa ili kisibaki kipande hata kimoja.

Hii yetu ni ya kumalizia. Samaki akishatoka kwenye mkaa, kata duara moja la siagi iliyoganda, nene kama kidole, umwekee juu mgongoni, ufunike sahani dakika mbili.