Je, wajua kwa nini mwimbaji Catherine Ribeiro aliipa sinema kisogo?

Katika filamu ya mwongozaji Mfaransa Jean-Luc Godard ya mwaka 1963, Les Carabiniers, kuna wanawake wawili wanaobaki kibandani huku wanaume wao wakienda vitani kwa ahadi ya kumiliki kila kitu duniani. Wanaume hao wanarudi na sanduku lililojaa postikadi. Mmoja wa wanawake hao, Cléopâtre, aliigizwa na binti wa wahamiaji wa Kireno aliyezaliwa Lyon, Ufaransa, mwaka 1941: Catherine Ribeiro.

Watazamaji hawakuipokea filamu hiyo. Lakini humo ndimo Ribeiro alimokutana na Patrice Moullet, aliyeigiza askari Michel-Ange kwa jina la Albert Juross. Moullet alikuwa mwanamuziki, tena fundi wa kubuni ala zake mwenyewe.

Ribeiro hakuacha kuigiza siku hiyohiyo. Alicheza katika filamu ya Kiitaliano kuhusu Buffalo Bill, shujaa wa magharibi ya Marekani ya zamani, akarekodi nyimbo fupi za mtindo wa vijana wa wakati ule, na mwaka 1966 akawemo katika ile picha maarufu ya Jean-Marie Périer iliyowakusanya waimbaji vijana wa Ufaransa, akina Johnny Hallyday na Françoise Hardy. Njia ya umaarufu ilikuwa wazi mbele yake. Hakuifuata.

Mwaka 1969 yeye na Moullet walitoa albamu yao ya kwanza pamoja, na baadaye kundi lao likaitwa Alpes. Moullet alileta ala alizozibuni, cosmophone yenye nyuzi, na percuphone iliyotoa mapigo mahali pa ngoma za kawaida. Ribeiro aliandika maneno. Kwenye sinema alisema aliyoandikiwa na wengine. Hapa alisema yake, na nadhani hilo ndilo lililomvuta kuliko yote. Ananong'ona, anasimulia, kisha anapaza sauti mpaka inakwaruza, na msikilizaji hana pa kujificha.

Basi mbona hajulikani? Redio hutaka wimbo wa dakika tatu, na wimbo wake kuhusu kifo, katika albamu ya Paix ya mwaka 1972, unapita dakika 20. Isitoshe, hakuficha siasa zake za mrengo wa kushoto, hata akabandikwa jina la "pasionaria mwekundu", yaani mwanamke mwenye hamasa kali ya siasa za kushoto. Kumbi zilimjua; redio na televisheni zilimpa nafasi finyu. Kwamba angeweza kuimba nyimbo za kawaida si jambo la kubishania: mwaka 1977 alirekodi albamu nzima ya nyimbo za Édith Piaf, mwimbaji mashuhuri wa Ufaransa.

Alifariki Agosti 2024. Miaka sita kabla, albamu tatu za Alpes zilikuwa zimetolewa upya Marekani, zikapata wasikilizaji ambao hawakuwa wamezaliwa ziliporekodiwa. Anayetaka kumjua aanze na Paix, aisikilize bila kuruka chochote, hasa upande wa pili wa santuri, ambao wote ni wimbo mmoja tu.