Muungwana, mshenzi na Nietzsche: yanayosemwa kuhusu "maadili ya watumwa" na yaliyoandikwa

Kaa barazani Tanga jioni moja utasikia maneno mawili. Kijana akimshika mkono bibi kizee amvushe mtaro, ataambiwa, "Ahsante mwanangu, wewe muungwana." Mwenzake akitupa ganda la embe njiani atakemewa: "Acha ushenzi!" Hapo hakuna anayeuliza nasaba ya mtu. Lakini miaka mia moja na hamsini iliyopita, maneno hayo yalikuwa ya nasaba hasa. Muungwana alikuwa mtu huru, mzawa wa watu huru, kinyume cha mtumwa. Mshenzi alikuwa mtu wa bara, asiye wa mwambao wala Mwislamu. Jina la daraja likageuka jina la tabia.

Friedrich Nietzsche, mwanafalsafa wa Kijerumani aliyeanza kufundisha Kigiriki na Kilatini cha kale katika Chuo Kikuu cha Basel mwaka 1869 akiwa na umri wa miaka 24, aliona jambo la aina hiyohiyo katika lugha alizozijua. Neno la Kijerumani *schlecht*, yaani "baya", ni ndugu wa *schlicht*, "wa kawaida, asiye na makuu". Alidai kwamba katika lugha nyingi "jema" lilianza kwa maana ya "la watu wa juu", na "baya" kwa maana ya "la watu wa chini". Baadhi ya mifano yake ya Kilatini ina mashaka, lakini sisi wa Kiswahili hatuhitaji kwenda mbali kutafuta ushahidi.

Naanza na hayo kwa sababu mawazo yake yanatufikia yakiwa yamepindwa, mara nyingi kupitia video fupi za hamasa: kuwa simba, usiwe kondoo.

Dhana: Nietzsche alisema mwenye nguvu ndiye mwenye haki.

Hayo ni maneno ya Thrasymachus, mwalimu wa ufasaha ambaye Plato, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, anamwonyesha akidai kwamba haki ni faida ya aliye na nguvu. Ndiyo pia sauti ya wajumbe wa Athene katika historia ya Thucydides, walipowaambia watu wa kisiwa cha Melos mwaka 416 KK kwamba wenye nguvu hufanya wawezalo na wanyonge huvumilia. Kwa Plato yumo pia Callicles, anayesema kinyume chake: sheria zimetungwa na wanyonge walio wengi ili kuwafunga wenye nguvu. Mjadala huu basi ni wa zamani sana.

Nietzsche aliuliza swali jingine. Katika kitabu chake cha mwaka 1887 kuhusu nasaba ya maadili, anataka kujua nani alilitamka neno "jema" kwanza, na alikuwa amesimama wapi alipolitamka. Wakubwa, anasema, walijitazama wakajiita wema. "Wabaya" likawa neno la nyongeza tu kwa waliobaki. Wanyonge walianzia upande wa pili: walimtazama aliyewaumiza, wakamwita mwovu, kisha wakasema, sisi tusio kama yeye ndio wema. Hapo "baya" la kudharau likawa "ovu" la kuchukia. Maadili hayo ya pili ndiyo aliyoyaita "maadili ya watumwa", na kwa nguvu inayoyazaa alitumia neno la Kifaransa, *ressentiment*. Kiswahili kina neno linalokaribia sana: kinyongo. Ni hasira iliyokosa pa kutokea, ikakaa tumboni, ikaanza kufikiri.

Mfano wake ni wa wanakondoo na ndege wala nyama. Wanakondoo wanawachukia ndege wakubwa, na hilo si ajabu. Ila wanaongeza neno: ndege hawa ni waovu, kwa hiyo asiyefanana nao, yaani mwanakondoo, ndiye mwema. Nao ndege wanajibu kwamba wao hawawachukii wanakondoo kamwe, wanawapenda, maana hakuna kitamu kama mwanakondoo laini. Wengi husoma mpaka hapo wakadhani wameambiwa wawe ndege. Hoja inayofuata ndiyo nzito: wanakondoo wanamchukulia ndege kana kwamba angeweza kuchagua kuwa mwanakondoo, na unyonge wao wenyewe kana kwamba ni fadhila waliyoichagua. Kushindwa kulipiza kunaitwa wema, woga unaitwa unyenyekevu, kumtii unayemwogopa kunaitwa utii.

Hili linauma kwa sababu tunalijua. Kila mtu amewahi kusema "nimemsamehe" wakati ukweli ni kwamba hakuwa na la kumfanya.

Dhana: aliwadharau wanyonge na kuwasifu wababe tu.

Aliwasifu wababe, na ukali wa maneno yake siutetei. Lakini katika kitabu hichohicho anaandika kwamba historia ya binadamu ingekuwa jambo la kipumbavu mno bila akili walioiingiza wasio na nguvu. Binadamu, anasema, alianza kuwa mnyama wa kuvutia alipolazimika kuishi kwa undani. Tena wanaoongoza kugeuzwa huko kwa maadili, anakokuita uasi, katika simulizi lake ni makuhani, tabaka la juu lenyewe, lililokosa mabavu ya wapiganaji likashika silaha ya maneno.

Na kuhusu nguvu: anasema jamii inavyozidi kuwa na nguvu ndivyo adhabu zake zinavyolegea, na rehema ni haki ya aliye na nguvu kuliko wote. Kwake, anayehitaji kuonea ili ajisikie mkubwa hajafika.

Dhana: alikuwa mwanafalsafa wa Wanazi.

Alipatwa na wazimu Turin Januari 1889 na kufa Agosti 1900, miongo kadhaa kabla yao. Dada yake Elisabeth, aliyeolewa na mwanaharakati wa chuki dhidi ya Wayahudi, ndiye aliyeshika maandishi yake. Mwaka 1901 kikatoka kitabu kilichoundwa kutokana na madaftari yake, ambacho Nietzsche mwenyewe hakukichapisha. Hitler alihudhuria mazishi ya Elisabeth mwaka 1935. Nietzsche alikuwa amemwandikia dada yake huyo kwa hasira mwishoni mwa 1887 kwamba ndoa ile ilikuwa upumbavu mkubwa. Na anapoorodhesha jamii za mabwana anawataja Warumi, Waarabu, Wajerumani, Wajapani na mashujaa wa tenzi za Homer, mshairi wa Ugiriki ya kale, pamoja. Hata hivyo, aliyoyaandika kuhusu Wayahudi kama waanzilishi wa uasi wa maadili yalikuwa mafuta karibu na moto.

Dhana: mnyonge akipata sauti, hugeuza maadili juu chini.

Hii ni dhana ya Nietzsche mwenyewe, na hapa ndipo ninapoachana naye. Angalia waliokuwa watumwa wa mwambao walivyofanya. Hawakusema utumwa ndio wema na uungwana ndio uovu. Waliudai uungwana.

Katika misafara ya karne ya 19 iliyofika Manyema, Kongo ya mashariki, watu wa pwani waliitwa *wangwana*, na wengi wao walikuwa watumwa au watoto wa watumwa. Jina hilo lilishika hata Kiswahili cha huko kikaitwa Kingwana. Unguja, baada ya hadhi ya utumwa kufutwa kisheria mwaka 1897, waliokuwa wakivaa kaniki na merikani, nguo za watumwa, walinunua kanga na kanzu. Na methali ikasimama upande wao: muungwana ni vitendo. Neno halikutupwa wala kupinduliwa. Mlango wake ulihamishwa kutoka uzawa kwenda matendo, na yeyote akaweza kuingia.

Sioni kinyongo hapo. Naona mtu anayemwambia bwana: ulichokiita chema ni chema kweli, ila hukuwa peke yako mwenye haki nacho. Nietzsche hakuwa na nafasi ya mtu huyo katika hesabu yake.

Neno "mshenzi" halikupata bahati hiyo. Limeacha kutaja bara, lakini hakuna aliyelidai liwe lake. Mtoto akichafua shati Tanga leo ataambiwa aache ushenzi, na mara nyingi anayemwambia ni mjukuu wa watu walioteremka kutoka bara.