Je, wajua kwa nini baadhi ya miamba ya milimani huonekana kama imechorwa ramani?

Kwenye milima ya Alps na nyanda baridi za Norwei, kuna miamba iliyojaa mabaka ya njano-kijani, kila baka limezungukwa na mstari mweusi. Kwa mbali ni ramani kabisa, yenye nchi, mipaka na visiwa. Ndiyo maana kitu kinachofanya mabaka hayo kisayansi kinaitwa Rhizocarpon geographicum.

Nilipoona picha yake mara ya kwanza niliamini mistari ile ni nyufa za jiwe na ule unjano ni kutu. Baadaye nikaambiwa ni kiumbe hai, nikahamia kosa jingine: nikadhani ni kimmea chenye mizizi kinachonyonya chakula kwenye jiwe. Si kutu, si mmea, na mzizi hakina hata mmoja. Ni kuvumwani, na jina lenyewe limeshaeleza: kuvu na mwani vinaishi pamoja. Mwani hutengeneza sukari kwa mwanga wa jua. Kuvu huusitiri mwani, hushika maji na kung'ang'ania mwamba kiasi kwamba huwezi kuibandua bila kuondoka na chembe za jiwe. Ni kweli asidi za kuvumwani hulimung'unya jiwe polepole, lakini mlo wake hautoki humo.

Na ule mstari mweusi? Ni kuvu peke yake, bila mwani. Mfikirie mkulima anayepanua shamba. Kwanza hufyeka ukanda wa pori pembeni, na ukanda huo haujapandwa kitu. Nguvu za kufyeka anazipata kwa chakula cha shamba la nyuma. Kisha hupanda pale, akafyeka tena mbele. Baka la njano ndilo shamba, weusi ndio ukanda uliofyekwa. Ukitazama kwa lenzi, shamba lenyewe limekatika majaruba madogo, na weusi unachungulia katikati yake. Wakulima wawili wakikutana, kila mmoja na ukanda wake, hakuna anayevuka, na hapo ndipo mpaka wa ramani unapochoreka. Lakini si kila mara, kwani mabaka mengine huungana.

Upanuzi huo ni wa taratibu mno, mara nyingi chini ya milimita 1 kwa mwaka. Mwaka 1950 Roland Beschel wa Austria alionyesha kwamba ukipima baka kubwa kuliko yote, unaweza kukisia ni lini barafu iliuacha mwamba wazi. Kuvumwani nyingine za jamii ya karibu na hii zimepimwa hata Mlima Kenya. Hata hivyo, kasi hutofautiana kwa baridi na unyevu, kwa hiyo lazima kwanza ipimwe mahali penyewe, kwa mfano kwenye mawe ya makaburi yenye tarehe.

Mwaka 2005 vipande vya kuvumwani hii vilirushwa kwa chombo cha anga za juu cha Foton-M2, vikakaa takriban wiki mbili nje angani, bila hewa, vikipigwa na jua kali. Viliporudishwa duniani, mwani ulianza tena kutengeneza sukari.