Kabla mwuaji hajatajwa

Mimi huandika michezo ya redio, na kila anayekuja kujifunza kwangu namwanzishia na kipindi kimoja cha Wamarekani: The Adventures of Ellery Queen, kilichoanza kurushwa na mtandao wa redio wa CBS Juni 18, 1939. Mwanzoni kilikwenda saa nzima. Karibu na mwisho, Ellery, mpelelezi wa mchezo, husema ameshamjua mwuaji, na hapo hapo mchezo unasimama. Waigizaji kimya. Wageni maarufu walioalikwa studio wanaulizwa: nani kaua, na umejuaje?

Ni kitendawili, tega! Wageni wengi waliishia kutoa mji. Mchezo ukiendelea, Ellery alieleza jibu hatua kwa hatua.

Waandishi wake, Frederic Dannay na Manfred B. Lee, walikuwa mabinamu, na katika riwaya zao za mwanzo walikuwa na desturi ya kumsimamisha msomaji kabla ya jibu: vidokezo vyote unavyo, sasa fikiri. Lakini msomaji anaweza kurudi nyuma kurasa hamsini. Msikilizaji hawezi. Likimpita, limempita.

Ndiyo maana kusimama kule kunatawala uandishi wote. Chukua mfano nilioutunga kwa ajili ya darasa. Watu wawili wanagombana sebuleni, na katikati ya maneno yao saa ya ukutani inagonga mara nne. Baadaye shahidi anasema alikuwa sebuleni muda wote huo, na kulikuwa kimya, “hata saa ile imekufa siku nyingi.” Mlio ukiwa juu mno, kila mtu ameng'amua. Ukizama chini ya ugomvi, umemdhulumu msikilizaji. Kwa hiyo natafuta njia ya kuutaja tena bila kuuonyesha kidole: mmoja wa wagombanaji aseme, “Nimechelewa basi!”

Kwa jambo hili Nikki Porter ni hazina. Ni mhusika aliyebuniwa kwa ajili ya redio, katibu wa Ellery. Katibu ana kila sababu ya kuuliza, kuandika na kusoma alichoandika, na msikilizaji anapata kusikia ushahidi mara ya pili bila kuhisi anafundishwa.

Kutunga fumbo jipya kila wiki si kazi ndogo. Dannay ndiye aliyebuni mafumbo na Lee akayaandika, mpaka mwaka 1945 mwandishi Anthony Boucher alipopokea kazi ya kubuni. Kipindi kilikoma 1948.

Kipindi kingine cha redio cha Wamarekani, Quick as a Flash, kilichoanza 1944, kiliwapa nafasi watu wa kawaida. Washindani sita, kila mmoja na taa ya rangi yake, na fumbo la mwisho liliigizwa na mpelelezi wa kipindi kingine cha redio. Aliyedhani anajua aliwasha taa mchezo ukiendelea. Akikosea, ametoka, na wenzake wanaendelea kusikiliza.