Tope Tupu Si Shamba Lililoachwa

Picha ile imerudi tena kwenye simu zetu: fulana mpya za rangi moja, buti za mpira, na miche ya mikoko iliyopangwa kwa mistari kama mahindi, katikati ya tope tupu la hori la Tudor, mkono wa bahari ulioko Mombasa, maji yakiwa yametoka. Chini yake maneno yale yale: tunairudishia bahari msitu wake. Msitu gani? Pale hapajawa na msitu, na kwa usawa ule hapatakuwa nao.

Umbo la mahali kwanza, haraka haraka. Tudor si mto, na Port Reitz, hori jirani, si mto. Ni mabonde ya mito ya kale yaliyofunikwa bahari ilipopanda baada ya zama za barafu. Miaka 20,000 hivi iliyopita bahari ilikuwa chini ya hapa ilipo leo kwa mita 120 hivi. Ndiyo maana mlango wake ni mwembamba, pale kati ya Mji wa Kale na Nyali, na ukishaingia ndani kuelekea Mikindani na Jomvu maji yanatanuka na kina kinapungua. Mito ya Kombeni na Tsalu inamwaga huko juu, lakini ni mito ya msimu. Masika inaleta maji baridi yasiyo na chumvi, pamoja na udongo. Kiangazi haileti kitu, jua linanyonya, na sehemu za ndani zinaweza kuzidi bahari yenyewe kwa chumvi.

Sasa lile linaloudhi. Humu ndani kinachoamua nani aishi wapi ni muda wa kufunikwa na maji. Wakati wa bamvua, siku moja au mbili baada ya mwezi mwandamo au mpevu, maji ya Mombasa hupanda na kushuka zaidi ya mita 3; wakati wa maji mafu ni kama mita 1 tu. Mikoko hukaa nusu ya juu ya ngazi hiyo, kuanzia karibu na usawa wa kati wa bahari hadi pale bamvua linapoishia. Chini ya hapo mche unazama kwa saa nyingi mno na mizizi inakosa hewa. Wapandaji hushuka hadi chini kwa sababu huko kuna nafasi na hakuna wa kugombania kiwanja. Nafasi ipo kwa sababu miti imeshindwa kukaa hapo, jamani!

Neno "mikoko" nalo linatuponza. Kenya ina aina 9. Mlilana ndio unaotazama maji. Nyuma yake mkoko wenyewe na muia, kisha mkandaa, na mchu huko juu kwenye chumvi kali. Vitabu vinachora mistari safi. Ukiingia ndani, mchu unaukuta nyuma kabisa halafu unaukuta tena mbele, bega kwa bega na mlilana, na maelezo niliyoyasoma kuhusu jambo hilo hayajaniridhisha. Mpangilio ule nautumia kama fununu, siutumii kama sheria.

Hata hivyo kila anayepanda anapanda mkoko, kwa sababu ni rahisi. Mbegu yake huota ikiwa bado mtini, ikaning'inia kama fimbo ya kijani. Ikishatoa shingo ya njano na kukatika bila kuvutwa kwa nguvu, imekomaa. Unaichomeka theluthi yake, hatua moja hadi nyingine, basi. Mlilana una mbegu ndogo ndani ya tunda, hauchomekeki, kwa hiyo hauna wapenzi. Na hapa ndipo udanganyifu unapoanzia: fimbo ile imebeba akiba ya chakula chake. Hata ikichomekwa mahali pabaya itatoa majani mawili, manne, ipigwe picha, iandikiwe ripoti. Akiba ikiisha, chaza wadogo wakishang'ang'ania shina hadi likapinda, ndipo unapojua. Mtu akinitajia miche iliyo hai baada ya miezi sita, simpongezi.

Kupima usawa hakuhitaji chombo cha bei. Chukua mpira wa plastiki unaoonyesha ndani, mita 20 hivi, uujaze maji na utoe mapovu yote. Povu moja lililokwama linatosha kukudanganya. Ncha moja ishikwe kwenye fimbo yenye alama za sentimita, chini ya mkoko wa mbele kabisa ulioota wenyewe. Ncha ya pili ishikwe kwenye fimbo kama hiyo pale unapotaka kupanda. Weka kipande cha ubao chini ya kila fimbo, la sivyo inazama na utakuwa unapima kuzama kwake. Maji yakitulia, tofauti ya namba mbili ndiyo tofauti ya ardhi. Ardhi yenu ikiwa chini kuliko ya mti ule kwa shibiri nzima, kusanyeni mbegu mwende.

Na tope hilo tupu halina upungufu. Lina kaa, minyoo ya chambo, chaza, na ndege waitwao sululu wanaokuja kutoka kaskazini kuchokoa kwa midomo mirefu. Palipo na nyasi za bahari, samaki tafi wanalisha hapo maji yakijaa. Harufu ya mayai viza si ushahidi wa uchafu: chini ya ngozi nyembamba ya juu hakuna oksijeni, na bakteria wa humo hutoa gesi yenye harufu hiyo. Maji taka yanayoshuka Mikindani ni shida ya kweli, lakini yananuka hata usipokoroga tope.

Pia kuna mahali mikoko ilikuwepo ikafa, na kupanda tu hakusaidii. Mvua za El Niño za 1997 na 1998 zilishusha udongo Mwache, huko ndani ya Port Reitz, hadi mizizi ya hewa ikafukiwa, na miti ikakauka imesimama. Udongo ukiendelea kushuka kutoka mashambani, utafukia na miche yako.

Kama fulana zimeshachapishwa na lazima mpande, tafuteni palipokatwa kuni na boriti. Visiki bado viko, na kila kisiki kinaonyesha usawa na aina ya mti bila mpira wa maji. Havipendezi kwenye picha.